Míriel, Mwanamke wa Sindano



Wiki hii nawaletea habari za mwanamke ambaye hakupata kuishi katika dunia hii yetu. Jina lake ni Míriel, na lakabu aliyojulikana nayo ni Therindë, yaani Mwanamke wa Sindano. Alibuniwa na Mwingereza J.R.R. Tolkien, aliyekuwa profesa wa lugha katika Chuo Kikuu cha Oxford, ambaye vijana wetu wanamjua kwa vitabu vya The Hobbit (1937) na The Lord of the Rings (1954 na 1955), na kwa filamu zilizotokana navyo. Habari za Míriel zimo katika The Silmarillion, kitabu kilichotolewa mwaka 1977, miaka minne baada ya mtungaji kufariki, kwa juhudi za mwanawe Christopher. Nyingine zimo katika maandishi yaliyochapishwa miaka ya 1990.

Tolkien aliibuni dunia nzima, yenye bahari na milima yake, lugha zake na nasaba za watu wake. Juu ya dunia hiyo aliweka Muumba mmoja, na chini yake walinzi waitwao Valar, kila mmoja na kazi aliyokabidhiwa. Haya ni masimulizi, wala hakuna anayetuomba tuyaamini. Bibi zetu nao walitusimulia habari za majini na za wafalme wa visiwa visivyokuwako, tukaamka asubuhi imani yetu ni ile ile, ila tumebaki na zingatio. Zingatio la Míriel limenikaa moyoni miaka mingi, na naona linawahusu wake na waume wa nyumba zetu kuliko vita na mapanga yaliyovipa vitabu hivyo umaarufu.

Míriel alikuwa wa kabila la Noldor, mabingwa wa elimu na kazi za mikono katika kaumu ambayo Tolkien aliiita Elves. Kaumu hiyo si majini wala si malaika. Wana miili kama yetu, huoa na huzaa, lakini hawafi kwa uzee wala kwa maradhi. Waliishi katika nchi ya Aman, ng'ambo ya bahari ya magharibi, ambako hakukuwa na njaa. Katika watu kama hao, ambao fundi ana karne nyingi za kuunoa ustadi wake, kuambiwa kwamba mkono wako hauna mfano si sifa ndogo. Míriel aliambiwa hivyo. Alikuwa mfumaji na mdarizi, na nakshi zake zilikuwa za ndani na zenye kupangika kuliko zote zilizowahi kuonekana. Ajabu ni kwamba alizifanya kwa haraka iliyowashangaza hata mafundi wenzake. Hata kusema kwake kulikuwa hivyo: maneno yalimtoka upesi, lakini kila herufi ilisikika mahali pake. Alikuwa mpole wa tabia, ila akishalishika jambo, shauri na amri havikumwondoa, vilimzidishia kulishikilia. Jina la Therindë alipewa na mama yake mzazi, na mikono yake ikaja kulithibitisha.

Jambo hilo la jina lilinigusa tangu mwanzo, kwa sababu mimi ni mtoto wa mshona kofia. Mamangu alishona kofia za mkono tangu kabla sijazaliwa. Wanaoijua kazi hiyo wanajua ilivyo: kitambaa cheupe kinachorwa nakshi kwa penseli, kisha vinatobolewa vitobo vidogo vidogo, na kila kitobo kinazungushiwa uzi, kimoja baada ya kingine, mpaka ua litokeze. Kofia moja huchukua wiki nyingi, na ikiwa mshonaji ana watoto wadogo huchukua miezi, kwani hushonwa katika nafasi iliyobaki baina ya chungu kilicho mekoni na mtoto aliye mapajani. Siku ya Idi mwanamume huivaa, watu wakamwambia mashallah, kofia hii ya wapi? Naye hujibu kwa jina la mji. Sijapata kusikia jibu lililotaja mkono ulioishona. Na jambo hili si la leo. Wareno walioandika habari za pwani yetu katika karne ya 16 waliutaja mji wa Pate kwa nguo zake za hariri. Nguo zikapata sifa, na mji ukapata sifa. Majina ya wafumaji hayakutufikia. Kwa hiyo nilipomkuta katika kitabu mwanamke aliyeitwa kwa sindano yake, na aliyekuwa malkia bado akiitwa kwa sindano yake, niliketi vizuri nikasoma.

Ndiyo, alikuwa malkia. Mume wake alikuwa Finwë, mfalme wa Noldor, katika mji wa Tirion. Tolkien hakumfanya Finwë kuwa mume mbaya. Walipendana mapenzi makubwa, na mfalme alikuwa na matumaini ya kuzaa watoto wengi waifurahie nchi ile ya raha. Míriel akashika mimba, akajifungua mtoto wa kiume. Baba alimpa jina lake, na mama akampa jina lake: Fëanor, maana yake Roho ya Moto.

Hapo ndipo uzi ulipokatika. Kumzaa mtoto huyo kulimwisha Míriel mwili na roho. Alimwambia mumewe kwamba hatazaa tena, kwa kuwa nguvu ambazo zingewalea watoto wengi zimekwenda zote kwa huyu mmoja. Akatamani kupumzika, si kwa siku mbili tatu, bali kupumzika na kazi yenyewe ya kuishi. Finwë alihuzunika, akaenda kutaka shauri kwa mkuu wa Valar, na Míriel akapelekwa katika bustani za Lórien, mahali pa utulivu wa wachovu. Walipoagana, mume alidhani ni kwa muda mfupi. Alisikitika kwamba mama anamwacha mwanawe katika mwanzo wa utoto wake. Míriel naye alikiri kuwa ni jambo la huzuni, na kwamba angelilia lau uchovu ungemwachia nguvu ya kulia. Kisha akamwomba asimlaumu, kwa hilo na kwa yote yatakayokuja baada yake. Akalala, na roho yake ikauacha mwili. Mwili haukuharibika, ulitunzwa pale bustanini kama wa mtu aliyelala. Finwë alikuwa akienda kuketi kando yake chini ya miti, akimwita kwa majina yake yote, na hakuitikiwa.

Niliyasoma hayo ndani ya arubaini ya mwanangu wa tatu. Dadangu mdogo, aliyekuwa akisomea fasihi, alikisahau kitabu chake chumbani kwangu, nami nikawa nakisoma usiku nikinyonyesha. Ilikuwa wiki ya tano. Mtoto alikuwa mzima, alhamdulillahi, na nyumba haikuishiwa na wageni. Kila aliyeingia alimtazama mtoto, akamwombea dua, akaweka sabuni na kanga alizoleta, akanywa chai. Mimi nilikuwa pale kitandani kama mkebe wa uzi uliobaki kigogo kitupu. Nilikula nilipoambiwa nile. Nililala nisipate usingizi. Aliponiamkua mtu nilijibu salama, kwa sababu hilo ndilo jibu la salamu, na kwa sababu sikuwa na jina la hali ile. Mjomba mmoja alinipungia mkono akasema, changamka, umejaaliwa mtoto wa kiume. Alisema kwa nia njema kabisa.

Nilipofika pale Míriel anapoomba asilaumiwe, nilikifunga kitabu nikalia, kwani mimi machozi nilikuwa nayo bado. Asubuhi nilimsimulia mamangu, si habari zangu, bali za Míriel, kama mtu anayesimulia hadithi. Alinisikiliza mpaka mwisho huku mkono wake ukishona. Kisha akaniuliza swali moja tu: "Na wewe, mwanangu, umefika wapi?" Nikamwambia nilipofika. Siku hiyo alifunga mlango wa barazani. Wageni waliokuja waliambiwa mzazi amelala. Aliwaita khalati zangu wawili wakapangana zamu, huyu kwa mtoto, huyu kwa jikoni, na mume wangu akakabidhiwa wale wakubwa wawili, shule na madrasa. Baada ya siku chache mama alinipeleka kliniki, na muuguzi aliyekuwa zamu akaniuliza maswali kwa upole, akanieleza kuwa hali yangu ina jina, unyogovu baada ya kujifungua, na kuwa ina matibabu. Nakumbuka vile neno hilo lilivyonitua mzigo. Kitu chenye jina kinaweza kusemwa.

Tangu hapo nimesoma zaidi. Shirika la Afya Duniani linasema takriban asilimia 13 ya wanawake waliojifungua hupata matatizo ya akili, zaidi ya yote unyogovu, na katika nchi zinazoendelea idadi hiyo hukaribia asilimia 20. Hesabu hiyo ipige katika mtaa wako. Katika kila wazazi watano waliofungiwa arubaini, huenda mmoja anasema salama wala hana salama. Huzuni ndogo ya siku za mwanzo huwapata wengi, na kwa kawaida haizidi wiki mbili. Ikizidi hapo, au mama akipoteza hamu ya chakula, ya mtoto, ya kuishi, hilo si jambo la kungojea lipite. Ni la daktari, kama homa ilivyo ya daktari. Si upungufu wa imani wala wa shukrani. Kitabu chetu kitukufu chenyewe kimeutaja udhaifu juu ya udhaifu anaoupata mama katika kumbeba mtoto. Basi sisi ni nani hata tumshangae anapodhoofika?

Nimefikiri pia kuhusu nguo zetu. Mila za Waswahili zilijua jambo hili zamani, na zililitia katika kitambaa. Mzazi hufungwa mkaja tumboni, ukanda wa nguo wa kumrudishia mwili. Mtoto hubebwa kwa mbeleko. Na siku msichana anapoolewa, desturi ilikuwa mume amtolee mama yake mkaja na mbeleko, yaani ampe fedha kwa ajili ya ile nguo aliyojifungia alipomzaa binti huyu, na ile nguo aliyochanika nayo mgongoni akimlea. Tazama hekima hiyo. Miaka ishirini imepita, nguo zile zimekwisha kuwa matambara ya kupigia deki, na bado jamaa wanakumbushwa mbele ya mashahidi kuwa mwili wa mwanamke huyu ulifanya kazi na ulichakaa. Leo mara nyingi tunavitaja vitu hivyo kwa kupatana bei tu. Maana yake ilikuwa kukiri deni.

Finwë hakulikiri deni hilo kwa wakati, na hapa hadithi inakuwa nzito. Baada ya miaka kupita na Míriel kukataa kurudi, alitaka kuoa tena. Katika kaumu yao ndoa ilikuwa moja ya milele, kwa hiyo jambo hilo lilihitaji hukumu ya Valar, nao wakalijadili kwa kirefu. Míriel aliulizwa kama atarudi, akasema harudi. Akahukumiwa abaki, na Finwë akaruhusiwa. Alimwoa Indis, mwanamke mwema, na watoto wake walikuja kuwa watu wakubwa. Sisi sheria yetu ni nyingine. Mfiwa kuoa si aibu, na mke wa baba anaweza kuwa mama kwelikweli, nami nimewaona wa aina hiyo katika ukoo wangu. Tolkien naye hakumlaumu Indis. Lakini alimwandika Fëanor akikua na kidonda ambacho hakuna aliyekaa naye akakitazama. Mtoto huyo alikuwa na mikono kama ya mama yake. Akawa fundi mkuu wa kaumu yake, akaunda vito vitatu vyenye nuru ndani yake, na kwa ajili ya vito hivyo pakaja kumwagika damu ya ndugu kwa ndugu. Waliokuwepo walikuja kusema kwamba lau Finwë angestahimili kufiwa kwake, huenda mengi yasingetokea.

Liko jambo dogo ndani ya ugomvi huo ambalo sisi watu wa pwani tutalielewa kuliko Waingereza walioandikiwa. Jina la Therindë lilianza kwa sauti ya "th", ile ya thelathini na thamani. Baadaye Noldor wakaanza kuiacha sauti hiyo, wakawa wanasema "s", na Therindë likawa Serindë. Míriel hakupenda. Alitaka jina lake litamkwe kama mama yake alivyolitamka. Alipokwisha kuondoka, Finwë na Indis na watu karibu wote walifuata "s". Fëanor akaiona kila "s" hiyo kuwa tusi kwa mama yake, akawafundisha wanawe kusema "th" hadi mwisho. Waliomsikia walidhani ni kiburi. Mimi nilipoyasoma hayo nilimkumbuka mwalimu wetu wa madrasa, aliyekuwa hakubali mtoto aseme "selasini". Akituambia: ukisema samani badala ya thamani, umebadilisha tunu ikawa viti na meza. Basi fikiria thamani hiyo ni jina la mamako, na kila siku unasikia likigeuzwa, na wewe ndiye wa pekee unayekumbuka lilivyokuwa. Mtoto aliyefiwa na mama hahitaji mengi. Anahitaji watu walitaje jina la mama yake mbele yake, walitaje vizuri, wala wasione haya.

Tolkien mwenyewe aliyajua hayo. Alizaliwa barani kwetu, mjini Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892. Baba yake alifariki mwaka 1896, na mama yake, Mabel, akabaki na wavulana wawili wa kulea huko Uingereza kwa kipato kidogo. Ndiye aliyemfundisha mwanawe mwanzo wa Kilatini, akamfundisha kuchora, kuijua mimea, na kuandika kwa hati nzuri. Alifariki mwaka 1904 kwa maradhi ya kisukari, takriban miaka 17 kabla mgonjwa wa kwanza hajapewa insulini. Mtoto alikuwa na miaka 12. Sisemi kwamba Míriel ni Mabel. Nasema kwamba aliyeandika habari za mvulana anayelilinda jina la mama yake hakuyaokota njiani.

Na mwisho wa Míriel? Wengi husoma hadi kifo chake wakafunga ukurasa. Lakini katika maandishi yale yaliyochapishwa baadaye, Tolkien alimrudia. Finwë aliuawa mlangoni pa nyumba yake akiilinda hazina ya mwanawe, na roho yake ikafika katika kumbi za wafu alimokuwa Míriel. Huko wakakutana. Safari hii Finwë alimwachia nafasi: alikubali kubaki yeye, ili mkewe apewe ruhusa ya kurudi. Míriel akaamka pale bustanini katika mwili wake uliotunzwa. Hakurudi mjini kuwa malkia. Alikwenda kwenye nyumba ya Vairë, yule wa Valar ambaye kazi yake ni kufuma kila lililotokea duniani katika vitambaa vinavyofunika kuta za kumbi zile, kuta ambazo hupanuka kadiri zama zinavyopita. Hakuna mwingine wa kaumu yake aliyekubaliwa humo. Huko akapewa kazi ya kuifuma historia ya watu wake tangu mwanzo, na mambo ya mwanawe yamo, mema na maovu. Vitambaa vyake vinaonekana kama vina uhai, vina rangi ambazo nchi nyingine hazina, wala havichakai. Finwë huruhusiwa mara kwa mara kuvitazama. Míriel akapewa na jina jipya, Fíriel, na kaumu yake wakitaka kuusifu ufumaji kupita kiasi, huufananisha na wa Fíriel.

Nimeitafakari sana sehemu hiyo. Ningekuwa mimi ninayemhurumia Míriel, ningemwondolea sindano, nikamwambia umechoka, pumzika, usishike kitu. Tolkien aliona vingine. Kilichommaliza Míriel hakikuwa sindano. Aliidarizi miaka mingi kwa haraka na furaha, na haikumchosha. Kilichommaliza ni kutoa uhai wake wote kwa mara moja, na kisha kuwa miongoni mwa watu waliompenda lakini waliotarajia atoe tena. Alipopata nafasi ya kurudi, aliiomba ile kazi ambayo ilikuwa yake kabla hajawa mke wa mtu au mama wa mtu. Mamangu, ambaye hakusoma kitabu hicho hata ukurasa, alilijua hilo. Mwisho wa ile wiki ya kufungiwa milango aliniletea kipande cha kofia kilichokwisha kuchorwa, na sindano imeshatungwa uzi. Akanambia: "Usishone. Ishike tu." Niliishika siku mbili. Siku ya tatu nilizungusha kitobo kimoja.

Sisemi sindano ni dawa. Dawa nilipewa na waliosomea dawa. Nasema kwamba kila mwanamke ana jambo ambalo mkono wake ulilijua kabla ya watoto. Mmoja hupika halua, mwengine huchora hina, mwengine alikuwa akisoma kaswida kwa sauti ambayo watu walinyamaza kuisikia. Mara nyingi akishazaa tunamwambia hayo yamekwisha, sasa wewe ni mama. Tunadhani tumempunguzia mzigo, kumbe tumeuchukua uzi uliokuwa umemshikilia.

Basi akina baba na akina kaka mnaosoma karatasi hii pamoja na wake zenu: mnapokuwa na mzazi nyumbani, msingoje aombe. Mchukueni mtoto saa moja kila siku, mkatoke naye barazani, mwenye nyumba alale. Na sisi akina mama tunaokwenda kumtazama mzazi, tuanze na yeye kabla ya mtoto. Akitujibu salama, tusubiri kidogo, tuulize tena tukiwa tumekaa. Na sote, tukisifu kofia ya Idi, tuulize imeshonwa na nani, tulitaje jina lake kama linavyotamkwa.